Fundo la Arobaini

Hunero alikuwa na miaka saba shangazi yake alipomshika mkono, akamwingiza uwanja wa nyuma wa ghala la manukato, upande wa magharibi wa mji wa Waset, katika Misri ya Mafarao, na kumwambia, "Kaa hapa. Ukiulizwa kitu, sema ndiyo."

Akakaa. Mwanamke mmoja mwenye jicho moja akamwinamia, akamuuliza, "Unaogopa maji, mwanangu?"

"Ndiyo."

Wanawake waliokuwa wameinamia mitungi wakaangua kicheko. Hunero akahisi masikio yanamwaka moto. "Na wewe unaogopa nini," akasema, "mbona umefumba jicho?"

Shangazi akainua kiganja ampige. Lakini yule mwanamke, ambaye jina lake lilikuwa Tamit, akaudaka mkono hewani na kucheka hadi akakohoa. "Mwache," akasema. "Kazi hii inataka mtu asiyeamini anachoambiwa."

Hivyo ndivyo Hunero alivyoanza kufua wanja.

Watu wengi wanaojipaka hudhani wanja ni jiwe jeusi lililosagwa na kuchanganywa na mafuta ya bata bukini, basi. Wa kiangazi na wa majira ya baridi ndivyo ulivyo. Lakini wanja wa mafuriko, ule wa miezi ambayo mto umepanda na nzi wamejaa na macho ya watoto yanaamka yamegandana, una unga mweupe ndani yake, na unga huo hauchimbwi popote. Unafuliwa. Risasi, yale madini mazito ya kijivu, inachomwa, inasagwa mpaka iwe vumbi la manjano, inatiwa mtungini pamoja na chumvi ya mawe na magadi, inamwagiwa maji ya uvuguvugu na kukorogwa. Kesho yake maji ya juu yanamwagwa, yanatiwa mengine. Kesho kutwa vivyo hivyo. Siku arobaini.

"Chovya vidole," Tamit alikuwa akimwambia. "Sugua. Yanakuwaje?"

"Yanateleza."

"Yanateleza kama nini?"

"Kama samaki."

"Basi bado ni makali. Maji yanayoteleza yanakula ngozi. Siku yakikwama kati ya vidole kama maji ya mtoni, hapo yameiva. Usimsikilize mtu. Sikiliza vidole."

Siku za mwanzo za kila mtungi zilikuwa za mateso. Ngozi ya mikono ya Hunero ilichubuka, ikapasuka, ikaota upya ikiwa ngumu kama ya kisigino. Kila siku baada ya kubadili maji, mfuaji alipiga fundo moja kwenye kamba iliyoning'inia ukutani juu ya mtungi wake. Fundo lenyewe lilikuwa la uwanja ule peke yake, la kuzungushwa mara mbili kuelekea kushoto, ili mtu mwingine asije akapita akaongeza siku zisizokuwapo. Na aliyepiga fundo la arobaini ndiye aliyetia kijiti cha kwanza. Unga ukishakauka na kuchanganywa, kabla vyungu havijafungwa, alijipaka mwenyewe macho yote mawili mbele ya watu, akakaa hivyo mpaka kivuli cha ukuta kilipofika mlangoni. Macho yake yakibaki meupe, vyungu vilitoka. Hiyo ilikuwa desturi ya uwanja, na waliitimiza kwa fahari kama wanavyofanya makuhani mambo yao.

Jicho la Tamit lilikuwa limekwenda kwa njia hiyo. Zamani, kabla Hunero hajazaliwa, msimamizi fulani alitaka vyungu siku ya thelathini na moja. Tamit alijua, vidole vyake vilimwambia, lakini aliamriwa, akatia kijiti. Alianza na jicho la kulia. La kushoto hakulifikia. Vyungu vyote vikamwagwa, wala hakuna mwingine aliyedhurika. Kila mwaka mpya ulipoanza, wanawake wa uwanja walisimulia kisa hicho, wakampa Tamit kipande cha kwanza cha mkate wa asali. "Jicho la Tamit liliokoa macho mia mbili," walikuwa wakisema.

Hunero aliposikia hivyo tena akiwa na miaka kumi na mitano, aliuliza, "Na yule msimamizi?"

"Yupi?"

"Aliyeamuru. Yeye alitoa nini?"

Wakatazamana. Mwanamke mmoja aliyeitwa Webkhet, aliyeanza kazi mwaka mmoja na Hunero na ambaye mdomo wake haukuwa na mlango, akasema, "Alitoa amri, shoga. Amri nayo inachosha, usidharau."

Wote walicheka. Hunero hakucheka. Alimtazama Tamit akila mkate wake wa asali taratibu, uso umetulia, amekaa wima kama mtu anayejua anatazamwa, asijue anachomwonea ni huruma au ni chuki.

Miaka ikaenda kama inavyokwenda. Aliolewa na Nebre, mvuta mawe, mtu mpole aliyependa vitunguu na usingizi. Walizaa wawili, wakazika wawili, kisha kamba ikakatika machimboni, akamzika Nebre pia. Tamit alipokuwa hawezi tena kuinua mtungi, Hunero alimchukua akae kwake, maana wote wawili hawakuwa na mtu. Uwanjani Hunero alikuwa sasa mkuu wa mitungi. Hasira yake ilijulikana. Wasichana wapya walionywa: ukikosea mwambie mwenyewe kabla hajaona.

Ndipo akaja Userhat.

Userhat, msimamizi mpya wa ghala, alikuwa mtoto wa mwandishi, kijana wa miaka ishirini na sita, aliyenyolewa vizuri na kunukia maua ya yungiyungi tangu asubuhi, naye alijipaka wanja mzito kuliko mwanamke yeyote uwanjani. "Akipita jua linaomba radhi," alisema Webkhet. Hakuwa mkatili. Alikuwa mtu ambaye hajawahi kungoja kitu, na kwa Hunero hilo lilikuwa baya zaidi. Mwaka ule risasi ilifika kwa wakati, lakini Userhat aliisahau ghalani siku kumi na mbili, kwa sababu dada yake alikuwa anaolewa naye ndiye aliyesimamia divai. Hunero alimkumbusha mara tatu. Mara ya tatu alijibiwa, "Mama, risasi haiozi."

Sherehe ya Ipet ilipokaribia, siku ambazo mungu Amun hutoka hekaluni kwake na waimbaji wa kike huandamana naye kando ya mto, wote wamepakwa wanja mpya wa mafuriko, kamba ya Hunero ilikuwa na mafundo ishirini na tisa.

Userhat akaja asubuhi, akasimama mbali na matope ili asichafue viatu. "Mama Hunero, mitungi hii inachujwa leo."

"Bado siku kumi na moja."

"Bibi Baketamun anakuja keshokutwa kuchukua vyungu vya waimbaji. Unataka nimwambie nini?"

"Mwambie ulikuwa harusini."

Webkhet akajifanya anakohoa. Uso wa Userhat ukabadilika, akacheka kwa upande mmoja wa mdomo. "Wewe unadhani maji yanajua kuhesabu? Siku thelathini, siku arobaini, nani anayaambia? Mambo ya bibi zenu haya."

"Chovya vidole, bwana."

"Nini?"

"Chovya humu, usugue. Utajua nani anayaambia."

Hakuchovya. Alivuka yale matope baada ya yote, akaishika kamba ukutani, na mbele ya wanawake wote akapiga mafundo kumi na moja, moja baada ya jingine, upesi upesi, huku akihesabu kwa sauti kama anayewafundisha watoto. "Thelathini na tisa. Arobaini. Haya, zimetimia. Chujeni."

Na Hunero akachuja. Hili ndilo lililomfanya ajichukie baadaye kuliko lolote. Alimwaga maji yale huku yakimteleza vidoleni kama mlenda, akautandaza unga kwenye mikeka juani, akausaga na jiwe jeusi, akatia mafuta, na kila hatua alijiambia kwamba itatokea kitu, kwamba kijana huyu atazinduka. Hakuna kilichotokea. Watu hutii kwa mikono kwanza, na akili hufika nyuma imechelewa.

Jioni alimkuta Tamit mlangoni anapepeta dengu. Alimweleza yote. Bibi akaendelea kupepeta.

"Anza na la kushoto," akasema.

"Unasema nini, bibi?"

"Mimi nilianza na la kulia, nikajuta. La kulia ndilo la kutungia uzi kwenye sindano. Tia la kushoto, kidogo tu, ukisikia linawaka piga kelele hapo hapo wamwage. Uwe na maji karibu. Na maziwa, ukipata."

Hunero alisimama pale mlangoni asiweze kuingia wala kutoka. Sauti ya Tamit ilikuwa ya upole, sauti ile ile iliyomfundisha kusikiliza vidole, nayo sasa ilikuwa inamfundisha namna ya kupofuka kwa mpango. Akamtazama yule kikongwe na kovu lake jeupe, akaona kwamba amelivaa kama watu wengine wanavyovaa mkufu, na kwamba uwanja mzima umekuwa ukimsifia miaka yote hiyo ili asije siku moja akaulizia jicho lake liko wapi.

"Na yeye je?" akauliza. Sauti ilimtoka kubwa kuliko alivyotaka. "Yeye aanze na lipi?"

"Nani?"

"Aliyefunga mafundo!"

Tamit akainua uso. Hakuelewa. Au hakutaka kuelewa.

Keshokutwa yake Bibi Baketamun akaja na wabebaji wake wawili. Alikuwa mkuu wa waimbaji, mwanamke mnene mwenye haraka, nywele za bandia zimemkaa upande kwa sababu ya joto. Vyungu vilikuwa vimepangwa juu ya mkeka, midomo wazi, vitambaa na kamba za kufungia pembeni. Userhat akachukua kijiti, akakichovya kwenye chungu cha kwanza, akampa Hunero kwa mikono miwili kwa adabu.

"Mama, utubariki."

Hunero hakukipokea. Alikwenda ukutani, akaitungua kamba, akarudi nayo.

"Bibi mkubwa," alimwambia Baketamun, "desturi ya uwanja huu unaijua?"

"Naijua. Fanyeni upesi, jua linaniua."

"Aliyepiga fundo la arobaini ndiye atiaye kijiti cha kwanza. Ndivyo?"

"Ndivyo, ndivyo."

Hunero akainyoosha kamba mbele ya macho ya Baketamun. "Haya ishirini na tisa ni yangu. Tazama, yamezungushwa mara mbili, yanakwenda kushoto. Webkhet, ya nani haya?"

"Yako," akasema Webkhet. Kwa mara ya kwanza maishani mwake hakuongeza neno.

"Na haya kumi na moja, ya mzunguko mmoja, kama ya kufungia barua? Tangu lini mimi nafunga barua?" Akamgeukia Userhat. "Bwana, fundo la arobaini ni lako. Kijiti tayari unacho. Jitie."

Majiwe ya kusagia yakasimama.

Userhat akacheka. "Mama ana utani leo."

"Sina utani. Wanja umeiva au haujaiva?"

"Umeiva, bila shaka."

"Basi jitie."

"Mimi nimeshapaka asubuhi, huoni?"

"Hilo halina shida," akasema Webkhet, akasogea na bakuli la maji na kitambaa, uso mkavu kabisa. "Tutakufuta, bwana. Taratibu. Hata kope moja haitapotea."

Wanawake wawili watatu wakaguna kwa kicheko. Bibi Baketamun akawa sasa anamtazama Userhat, na haraka yake ilikuwa imemtoka. "Tia basi, kijana. Ni wanja tu. Kila mtu hapa anapaka wanja."

Userhat akainua kijiti. Kilifika usawa wa shavu. Hunero alikuwa karibu naye kiasi cha kuona mafuta yaking'aa juani kwenye ncha nyeusi, na ndani ya macho yake yale mazuri aliona kwamba anajua. Alijua tangu siku ya kwanza. Kusahau kulikuwa siku zile za harusi tu. Yaliyofuata yote aliyafanya akijua, na jicho alilokuwa tayari kulitoa lilikuwa la mtu mwingine.

Kijiti kikashuka.

"Kichwa kinaniuma," akasema. "Jua hili."

Bibi Baketamun hakupiga kelele. Aliwaashiria wabebaji wainue kapu tupu. "Nileteeni uliobaki wa mwaka jana, hata kama ni nusu. Waimbaji watapaka ukope wa juu tu." Akamtazama Userhat, halafu Hunero, kwa kinyaa kile kile. "Nyote wawili mmenipotezea asubuhi." Akaondoka na vyungu vinne vya zamani, na hakusema kwa mtu yeyote kwamba kuna mwanamke aliyewaokoa waimbaji wake.

Lango lilipofungwa, tabasamu likamtoka Userhat usoni. "Fungeni vyungu," aliwaambia wanawake.

"Viende wapi?" akauliza Hunero.

"Kwa wachimba mfereji. Macho ya watu wale hayahitaji siku arobaini. Wameshazoea vumbi."

Alilisema hivi hivi, bila uchungu, kama mtu anayesema nguo iliyotoboka apewe mtumishi. Na hapo hasira ya Hunero, iliyokuwa imesimama wima na yenye hoja mbele ya Bibi Baketamun, ikaacha hoja. Alishika chungu cha kwanza akakipiga ukutani. Akashika cha pili. Mkeka mzima, vyungu ishirini na sita, kazi ya mikono yake, kila kimoja kimekula ngozi yake. Wanja ule mweusi ulitiririka ukutani kwa uzito, ukashika matope, ukawarukia miguuni. Userhat alimshika nywele. Alimwuma. Ilibidi waje walinzi wawili wa ghala, na hata walipombana chini alikuwa bado anapigapiga mguu akitafuta chungu cha mwisho. Alikipata.

Walimpiga fimbo ishirini nyayoni, wakamhamishia nyumba ya kusagia ngano, kazi wanayopewa waliokosa na waliotekwa vitani. Webkhet ndiye aliyemkokota mpaka nyumbani, mkono wake umemzunguka kiunoni.

"Ungeacha kimoja," alimnong'oneza njiani, "tungempaka akilala."

Hunero akacheka, akalia, akamwambia anyamaze.

Siku tatu Tamit hakumsemesha. Alimkanda nyayo kwa mafuta, akampa bia na mkate, akamgeuzia mgongo. Hunero alidhani ni woga wa njaa, maana posho yao ingepungua. Siku ya nne akashindwa.

"Sema basi, bibi! Nimeharibu kazi, nijue. Nitukane, yaishe."

Tamit alikuwa anachambua nyuzi za kitani. Mikono yake ikasimama.

"Kumbe mtu angeweza kukataa," akasema.

Tamit akauweka uzi chini.

"Mimi nilikuwa na miaka kumi na tisa. Aliniambia tia, nikatia. Na ninyi wote mkaniambia nimefanya jambo kubwa. Nimekula mkate wenu wa asali miaka arobaini na mitano." Alikuwa hamtazami. Sauti yake ilikuwa kavu. "Nilikuwa nimetulia, Hunero. Kwa nini umekuja kunionyesha sasa, mimi kikongwe hivi, kwamba kulikuwa na mlango?"

"Bibi, mimi sikukusudia wewe..."

"Najua hukunikusudia. Hakuna aliyewahi kunikusudia." Akaisukuma ile kitani mbali. "Nakuchukia leo. Kesho sijui. Leo nakuchukia."

Hunero alikaa sakafuni na nyayo zake zilizovimba, akataka kusema kwamba naye alikuwa amechuja, kwamba naye alikuwa ametii karibu mpaka mwisho, kwamba kati yao wawili tofauti ilikuwa asubuhi moja. Hakusema. Aliona kwamba hasira ile ya Tamit haikuwa haki yake yeye kuipoza. Ilikuwa imechelewa miaka arobaini na mitano, na mtu haifukuzi mlangoni hasira iliyotembea mbali namna hiyo.

Kwa hiyo akainuka akishikilia ukuta, akaenda nje kuwasha jiko, akamwacha bibi akasirike.